Namna ya Kuisoma SoHo: Mwongozo wa Kutembelea Eneo la Biashara la Majengo ya Chuma, New York

Mgeni anayefika SoHo kwa mara ya kwanza huona yaliyo usawa wa macho yake: vioo vya maduka ya mavazi, foleni ya vijana mbele ya duka la viatu, meza za mikahawa. Hayo yote tume ya uhifadhi ya jiji haiyalindi. Duka la vitabu linaweza kufungwa na la manukato likafunguliwa mahali pake, na tume haitauliza kitu maadamu ukuta wa nje haujaguswa. Kilichowekewa ulinzi tangu tarehe 14 Agosti 1973 ni sura ya nje ya majengo, kuanzia kizingiti cha mlango hadi ukingo wa paa, nayo ndiyo sehemu ambayo watu wengi hupita chini yake bila kuinua shingo. Mwongozo huu unaeleza namna ya kuisoma sura hiyo: vitu vya kubeba, alama za kutafuta, njia ya kufuata, na jinsi ya kuitambua kazi ya sheria pale inapoonekana kwa macho.

Jina SoHo ni kifupi cha maneno ya Kiingereza yenye maana ya "kusini mwa Houston", yaani Mtaa wa Houston unaopakana na eneo hili upande wa kaskazini. Mtaa huo hutamkwa "Hauston". Ukiutamka kama lile jiji la Texas, mwenyeji atajua mara moja kwamba umeshuka jana. Mpaka wa kusini ni Mtaa wa Canal, wa magharibi ni West Broadway, na wa mashariki ni Mtaa wa Crosby, ingawa mwaka 2010 ulinzi ulisogezwa mbele kidogo pande za mashariki na magharibi. Ndani ya mipaka ya mwaka 1973 mna majengo yapatayo 500 katika vitalu 26. Mwaka 1978 serikali kuu ya Marekani nayo ililitangaza eneo hili kuwa Alama ya Kihistoria ya Taifa, lakini heshima hiyo haina meno kama sheria ya jiji, na kwa anayetembea barabarani sheria ya jiji ndiyo yenye kuonekana.

Maandalizi kabla ya kutoka

Vitu vya kubeba ni vichache. Cha kwanza ni sumaku ndogo, hata ile ya kubandika karatasi kwenye jokofu. Huu si mzaha: Margot Gayle, mwanamke aliyeanzisha chama cha marafiki wa majengo ya chuma cha kalibu (chuma kilichomiminwa katika kalibu) mwaka 1970, alikuwa akiwagawia watu sumaku ili wajithibitishie wenyewe kwamba nyuso walizodhani ni za mawe zilikuwa za chuma. Cha pili ni darubini ndogo, kwa sababu mambo mengi mazuri yako kwenye ghorofa ya tano. Cha tatu ni viatu vya soli bapa na imara, maana baadhi ya mitaa, kama Greene, Mercer na Crosby, ina sehemu zilizotandikwa mawe ya itale yaliyochongwa mstatili, na mawe hayo hayana huruma na kisigino chembamba.

Kabla ya kuondoka nyumbani, tafuta mtandaoni ripoti ya mwaka 1973 iliyoandikwa na Tume ya Uhifadhi wa Alama za Kihistoria ya Jiji la New York ilipolitangaza eneo hili. Ripoti hiyo hutolewa bila malipo, na inapita mtaa kwa mtaa na jengo kwa jengo, ikitaja mwaka wa ujenzi, msanifu na mmiliki wa kwanza pale vinapojulikana. Tume ina pia ramani ya mtandaoni ambayo ukibofya jengo hukuonyesha liko katika eneo gani la ulinzi. Kuna hazina nyingine ambayo wageni wachache huijua: kati ya mwaka 1939 na 1941 jiji lilipiga picha karibu kila jengo lake kwa ajili ya kodi, na Hifadhi ya Nyaraka ya Manispaa imeziweka picha hizo mtandaoni. Katika kila picha utaona kibao chenye namba ya kitalu na ya kiwanja. Chagua majengo manne au matano, hifadhi picha zake kwenye simu, kisha zilinganishe na unachokiona ukiwa umesimama palepale. Mimi naliona zoezi hili kuwa na manufaa kuliko maelezo ya mwongoza watalii, kwa sababu linakuonyesha kilichoondolewa, na kilichoondolewa hakiwezi kuonekana kwa kutazama peke yake.

Kuhusu saa ya kwenda: mitaa ya Wooster, Greene na Mercer imepita takriban kaskazini hadi kusini, kwa hiyo nyuso za upande mmoja hupata jua la asubuhi na za upande wa pili hupata la alasiri. Chuma kilichopakwa rangi nyeupe au ya maziwa huonyesha mapambo yake vizuri jua likiwa la ubavuni, kwa kuwa kila jani na kila mfuo wa nguzo hutupa kivuli. Jumapili asubuhi, maduka yakiwa bado yamefungwa, ndiyo nafasi nzuri ya kusimama katikati ya njia ya miguu bila kusukumwa.

Chuma kilikuja kufanya nini hapa

Huwezi kuusoma uso wa jengo bila kujua uliundwa ili kutenda kazi gani. Katika miaka ya 1850 Broadway ilikuwa barabara ya hoteli, kumbi za maonyesho na maduka makubwa; Tiffany walifanya biashara katika namba 550, na Lord & Taylor walijenga duka lao kwenye kona ya Mtaa wa Grand. Baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, wafanyabiashara wa vitambaa na nguo wa jumla waliifuata mitaa ya nyuma, wakabomoa nyumba za makazi, wakajenga maghala. Walihitaji mambo mawili yasiyopatana: nafasi pana ya ndani yenye mwanga wa kutosha kumwezesha mnunuzi kuona rangi ya kitambaa, na uso wa nje wa kifahari wa kumshawishi mnunuzi huyohuyo kwamba nyumba ya biashara ina mtaji. Taa ya umeme haikuwapo. Kituo cha kwanza cha Edison cha kuuza umeme, katika Mtaa wa Pearl, kilianza kazi mwaka 1882. Mwanga ulitoka dirishani, na ukuta wa mawe ulihitaji unene ambao uliyabana madirisha.

Chuma cha kalibu, yaani chuma kilichoyeyushwa na kumiminwa ndani ya kalibu za mchanga, kilitatua mambo yote mawili. Kinabeba uzito mkubwa kikikandamizwa kutoka juu, hivyo nguzo nyembamba inatosha na dirisha linapanuka. Tena, kalibu moja hutoa nakala nyingi: pambo ambalo mchonga mawe angelitumikia kwa siku kadhaa lingeweza kurudiwa mara hamsini kwa gharama ndogo. James Bogardus alipata hataza ya ujenzi wa aina hii mwaka 1850, na mshindani wake Daniel Badger aliufanya kuwa biashara kamili, hata akatoa katalogi ya picha mwaka 1865 ambayo mteja angeweza kuchagulia humo nguzo, tao na ukingo wa paa kama mtu anayechagua viti. Vipande vilifika vikiwa na namba, vikafungwa kwa bolti, vikapakwa rangi. Wakati mwingine mchanga ulirushwa juu ya rangi mbichi ili ukikauka ufanane na jiwe. Udanganyifu huo ulikuwa wazi na haukumtia mtu aibu.

Hata hivyo, usidhani kwamba jengo lote ni la chuma. Kwa kawaida chuma ni uso wa mbele tu, wenye vipande vyembamba vilivyo wazi ndani. Kuta za kando na za nyuma ni za matofali, na sakafu zimekaa juu ya boriti za mbao. Hapo ndipo palipozaliwa balaa la moto. Chuma cha kalibu hakiungui, lakini kikipashwa moto mkali kisha kikamwagiwa maji baridi hupasuka, na mbao za ndani zilizojaa vitambaa na karatasi zilikuwa kuni tayari. Katikati ya karne ya 20, wakati maghala yalipokuwa yamegeuka viwanda vidogo vya watu maskini, wazima moto waliliita eneo hili Ekari Mia za Jehanamu.

Kutambua chuma

Karibia nguzo ya ghorofa ya chini, uguse kwa sumaku taratibu bila kukwaruza rangi. Ikinata, ni chuma. Wengi huishia hapo, na wengi hukosea, kwa sababu majengo mengi ya SoHo, hasa yale ya Broadway, yana chuma sehemu ya duka tu, na juu yake ni marumaru, jiwe la mchanga au matofali. Sumaku iliyonata chini haitoi ushahidi wowote kuhusu ghorofa ya tatu. Isitoshe, kipande kilichorekebishwa miaka ya karibuni huenda ni cha alumini au cha nyuzi za kioo, ambacho sumaku haikitambui kabisa ijapokuwa kwa macho ni pacha wa mwenzake. Sumaku ni shahidi mmoja. Tafuta na wengine.

Shahidi wa pili ni mishono. Chukua darubini uangalie mahali nguzo inapokutana na tao, na tao linapokutana na boriti ya mlalo: katika chuma utaona mstari mwembamba ulionyooka, na mara nyingi kichwa cha skrubu au bolti kilichozikwa chini ya matabaka ya rangi. Jiwe huunganishwa kwa chokaa, na mstari wake ni mpana na haujanyooka vile. Shahidi wa tatu ni uchakavu wenyewe. Jiwe la mchanga humenyuka maganda. Chuma hutoa machozi ya kutu, michirizi ya kahawia inayoteremka kutoka kwenye viungo. Shahidi wa nne, na ndiye ninayempenda kuliko wote, ni majani yaliyokosekana. Mataji ya nguzo za mtindo wa Korintho yalipambwa kwa majani yaliyosubiwa peke yake kisha yakafungwa kwa skrubu. Skrubu ikila kutu, jani linaanguka. Ukiona taji lenye majani matatu upande mmoja na kipara upande wa pili, huhitaji sumaku.

Baada ya hapo, inama. Kwenye kitako cha nguzo, karibu na njia ya miguu, waliosubu chuma waliweka jina lao katika kibao kidogo au katika chuma chenyewe, na majina kama Aetna na Cornell bado yanasomeka mahali fulani chini ya rangi nzito. Huku umeinama, tazama pia sakafu ya njia ya miguu. Mbele ya majengo kadhaa kuna mabamba ya chuma yaliyopachikwa vioo vidogo vya duara, vingine vimegeuka zambarau kwa kupigwa na jua miaka mingi. Ghala liliendelea chini ya njia ya miguu, na vioo hivyo, ambavyo Thaddeus Hyatt alivipatia hataza mwaka 1845, viliteremsha mwanga hadi chini. Mahali pengi vimefunikwa kwa saruji au kwa bamba la chuma lenye mikwaruzo, nawe utatambua pengo hilo ukishaona mfano mmoja uliosalia.

Njia ya kufuata

Anza kwenye kona ya Broadway na Mtaa wa Broome. Ukija kwa treni ya chini ya ardhi, kituo cha Spring Street cha njia namba 6 kiko karibu. Katika kona ya kaskazini mashariki linasimama jengo la Haughwout la mwaka 1857, kazi ya msanifu John P. Gaynor, lenye vipande vya chuma vilivyotoka kiwanda cha Badger. Ni kati ya machache yenye uso wa chuma pande mbili. Chagua dirisha moja, ulisome vizuri: tao dogo limekalia nguzo ndogo, na lote limewekwa kati ya nguzo kubwa, wazo lililochukuliwa kutoka maktaba ya msanifu Sansovino huko Venice. Sasa geuza macho kwa dirisha linalofuata, na linalofuata. Ni hilohilo, limerudiwa mara 92. Ukishauona mpango huo umeuelewa uchumi wote wa eneo hili. Eder Haughwout aliuza humu vyombo vya kauri na taa za kuning'inia, na mke wa Rais Lincoln alikuwa miongoni mwa wateja wake. Tarehe 23 Machi 1857 kampuni ya Otis ilizindua humu lifti ya abiria iliyoendeshwa kwa mvuke, ya kwanza katika jengo la biashara, ingawa jengo lina ghorofa tano tu na mteja mwenye afya angeweza kupanda ngazi. Lifti ilikuwa kivutio sawasawa na uso wa nje.

Kabla ya kuondoka, tembea hatua chache kusini hadi namba 478 hadi 482 Broadway, jengo lililokamilika mwaka 1874. Msanifu wake, Richard Morris Hunt, ndiye aliyebuni baadaye kitako cha Sanamu ya Uhuru. Linganisha na la Haughwout: Gaynor alikitaka chuma kijifanye jiwe la Venice, ilhali Hunt alikiacha kiwe chembamba, chenye mikunjo myepesi ambayo hakuna jiwe lingeweza kuimudu. Simama kwa muda kati ya majengo hayo mawili. Hakuna mahali pengine katika eneo hili panapoonyesha tofauti hiyo kwa ukaribu namna hii.

Fuata Mtaa wa Broome kuelekea magharibi. Unapotembea, kumbuka kwamba mtaa huu ndio uliokuwa umepangiwa kupitiwa na barabara ya mwendo kasi ya Robert Moses, ofisa mwenye nguvu aliyesimamia ujenzi wa barabara za jiji, ya kuunganisha handaki la Holland na madaraja ya Manhattan na Williamsburg. Mpango huo ulipigwa vita kwa miaka mingi na wakazi na wasanii, akiwamo mwandishi Jane Jacobs, ambaye alikamatwa katika mkutano wa hadhara mwaka 1968, na hatimaye ulikufa mwaka uliofuata. Ajabu ni kwamba tishio lenyewe lilisaidia kuyahifadhi majengo: nani angebomoa ghala ili ajenge upya mahali ambapo serikali huenda ingepapitisha lami? Kodi za pango zilikuwa chini, wasanii wakahamia kwenye ghorofa zilizoachwa na viwanda, kwanza kinyume cha sheria, na kuanzia mwaka 1971 kwa idhini ya jiji kwa waliotambuliwa rasmi kuwa wasanii.

Kwenye kona ya Broome na Greene utalikuta jengo la Gunther, lililojengwa mwaka 1871 na 1872 kwa ajili ya mfanyabiashara wa manyoya. Tazama kona yake: Griffith Thomas hakuikata, aliizungusha, na vioo vya madirisha vimepindwa pamoja nayo. Kuvunjika kwa kioo kimoja cha namna hiyo ni hasara kubwa kwa mwenye jengo.

Hapo pinda kushoto, ufuate Mtaa wa Greene kusini hadi karibu na Canal. Hapa pana safu ndefu ya nyuso za chuma zilizogusana, na hapa ndipo kipimo cha futi kinafaa. Viwanja vya Manhattan, kisiwa ambamo SoHo imo, viligawanywa kwa upana wa futi 25, yaani mita 7.6 hivi, na urefu wa futi 100. Pima kwa hatua zako: jengo lenye upana wa hatua kumi hivi ni la kiwanja kimoja, la hatua ishirini ni la viwili. Namba 28 hadi 30, lenye paa refu la mteremko na madirisha ya paani, huitwa Malkia wa Mtaa wa Greene, na lilibuniwa na Isaac F. Duckworth mwaka 1872. Mfalme wake, namba 72 hadi 76, wa msanifu huyohuyo na wa mwaka 1873, yuko juu kidogo, ukisharudi kaskazini na kuvuka Broome. Kwa Mfalme usitazame mapambo kwanza. Vuka upande wa pili wa mtaa utazame jinsi sehemu ya katikati ilivyosogezwa mbele kutoka ghorofa hadi ghorofa, kiasi kwamba ghala la vitambaa limepata umbo la kasri.

Ukifika Mtaa wa Spring, chepuka mtaa mmoja mashariki hadi kona ya Mercer. Namba 101 ni jengo la mwaka 1870, kazi ya Nicholas Whyte, ambalo msanii Donald Judd alilinunua mwaka 1968. Taasisi yenye jina lake huwaingiza wageni kwa kuweka nafasi mapema, na ukibahatika kupanda utaona kwa macho yako maana ya nguzo nyembamba: ghorofa nzima haina ukuta wa kati, na kioo kimechukua karibu upande wote wa mtaa. Majengo mengine mengi ni makazi na ofisi za watu, kwa hiyo usiingie kwenye vyumba vya mapokezi kwa kisingizio cha kupenda historia.

Rudi Greene, upande hadi Mtaa wa Prince. Kwenye kona hiyo, ukuta wa kando wa namba 112 ulichorwa na Richard Haas mwaka 1975 ukaigiza uso wa chuma uliopo mbele: nguzo, matao, vivuli, hata paka dirishani. Baadaye rangi ilififia sana. Ni chuma kilichoiga jiwe, kikaja kuigwa na rangi.

Kuiona sheria kazini

Katika mwendo huo bila shaka utapita jengo lenye jukwaa la mafundi. Usilikwepe, lisogelee usome karatasi zilizobandikwa dirishani au kwenye uzio, kwa maana kibali cha tume hutakiwa kuwekwa wazi muda wote kazi inapoendelea.

Tume hii iliundwa kwa sheria ambayo Meya Robert Wagner aliitia saini tarehe 19 Aprili 1965, baada ya hasira iliyozuka kufuatia kubomolewa kwa stesheni kuu ya Pennsylvania kulikoanza mwaka 1963. Ina makamishna 11, na sheria inataka miongoni mwao wawepo wasanifu majengo wasiopungua watatu, mwanahistoria, mtaalamu wa mipango miji au wa mandhari, mtu wa biashara ya nyumba na viwanja, na angalau mkazi mmoja wa kila wilaya kati ya tano za jiji. Mwaka 1978 Mahakama Kuu ya Marekani, katika shauri la kampuni ya reli iliyotaka kujenga mnara juu ya stesheni ya Grand Central, ilikubali kwamba jiji lina haki ya kumwekea mwenye mali masharti ya aina hii.

Kibali utakachokisoma kitakuwa cha mojawapo ya aina tatu. Kuna cha kazi isiyoathiri sehemu zinazolindwa, kama vile mabomba ya ndani yanayohitaji pia kibali cha idara ya majengo; kuna cha kazi ndogo ya nje, kama kubadilisha dirisha; na kuna cha kazi nzito, kama kuongeza ghorofa au kujenga jengo jipya kwenye kiwanja kitupu, ambayo hujadiliwa mbele ya makamishna katika kikao cha wazi, baada ya baraza la jumuiya ya eneo kutoa ushauri wake. Vibali vingi sana humalizwa na maofisa wa tume bila kikao. Kubadilisha kioo kilichovunjika au kupaka rangi ileile hakuhitaji kibali. Ikiwa siku ya ziara yako kuna kikao, nenda ukasikilize. Mtu yeyote anaruhusiwa kuhudhuria na kutoa maoni, na nusu saa ya mabishano kuhusu umbo la fremu ya mlango itakufundisha namna wataalamu wanavyotazama.

Ukiona juu ya paa fremu ya mbao au ya mabomba iliyozungushiwa wavu wa rangi ya chungwa, usidhani ni takataka za ujenzi. Mwenye jengo anataka kuongeza chumba, na ametakiwa asimamishe umbo lake halisi ili tume ijue kitaonekana kutoka mitaa ipi. Tembea hadi kona ya mbali ujaribu kuona kama wavu unaonekana. Ndivyo wafanyavyo maofisa wenyewe.

Kwa msomaji anayefikiria kukodi duka hapa, neno moja: ombi la kibali husainiwa na mwenye jengo, hata kama gharama ni za mpangaji, na jengo lenye kosa la zamani ambalo halijarekebishwa linaweza kunyimwa vibali vipya. Uliza habari hiyo kabla ya kusaini mkataba, na uliza kwa maandishi.

Sehemu ya mwisho ya njia

Fuata Mtaa wa Prince mashariki. Namba 88 ni mkono mmoja wa jengo dogo la Singer, kampuni ya cherehani, lenye umbo la herufi L, ambalo uso wake mwingine uko namba 561 Broadway. Lilikamilika mwaka 1904 na lina ghorofa 12. Jaribu sumaku, kisha utazame juu: hapa uso haubebi tena mzigo wowote, kwa kuwa fremu ya feleji iliyofichwa ndani ndiyo inayolishikilia jengo, na ndiyo maana msanifu Ernest Flagg aliweza kuweka vioo vipana, vigae vya udongo wa kuchoma, na kuta za baraza zilizosokotwa kwa chuma cha kufua kama nyuzi za mapambo. Mnara mkubwa alioujenga Flagg kwa kampuni hiyohiyo ulikuwa mrefu kuliko majengo yote duniani mwaka 1908, nao ulibomolewa mwishoni mwa miaka ya 1960. Huu mdogo umebaki.

Vuka Broadway, uendelee hadi Mtaa wa Crosby, kisha uingie humo kwa kulia. Sasa uko nyuma ya majengo makubwa ya Broadway. Hapa utaona matofali matupu, milango mipana ya kupakulia mizigo, mabaki ya bawaba zilizoshika vifuniko vya chuma vya kuzuia moto, na ngazi za dharura zikiteremka ukutani. Tafuta jengo lililoanzia Broadway likaishia huku, ulitazame mgongo wake, kisha uzunguke kona ukaulinganishe na uso wake. Tajiri wa vitambaa hakutumia hata jani moja la Korintho upande ambao mnunuzi hakupita.